Safari ya siku moja Guimarães na Braga pamoja na lanchi: maoni ya mama hoteli wa Kisumu

Wacha niseme mapema nisionekane mjuaji, mimi si mtu wa kutembea, niko na hoteli ndogo hapa Kisumu, napika samaki, ugali, osuga (managu) na chapo, hiyo ndo kazi yangu. Ureno nilifika juu ya sista yangu mdogo alikuwa anamaliza masomo Porto, akasema lazima mtu mmoja wa nyumbani aonekane siku hiyo, na mama alikataa ndege kabisa, kwa hivyo nikaenda mimi. Sasa kuna siku alikuwa na mambo yake ya chuo, hakutaka nikae kwa nyumba naangalia dirisha, akanibukia hizi safari za kikundi, mnatoka Porto asubuhi, mnaona Guimarães halafu Braga, mnakula chakula cha kienyeji hapo katikati, jioni mko nyumbani. Euro 85. Nikapiga hesabu nikapata elfu kumi na mbili na ushee nikamuuliza kama amerogwa. Akaniambia dada, imeshalipwa, nenda.

Kwa hivyo nilipanda hiyo gari na roho ya mtu anayedai risiti. Isomeni hivyo.

Mwanzo ulikuwa mbaya. Ujumbe ulisema tukutane "mbele ya stesheni ya São Bento" saa mbili unusu, nikafika saa mbili na robo manake sitaki kuachwa ugenini, nikasimama ndani nikiangalia ile kuta ya vigae vya bluu na nyeupe, wanasema viko kama 20,000 na enyewe ni maajabu, lakini saa mbili unusu ikafika, saa tatu kasorobo ikafika, hakuna gari, kumbe gari haisimami hapo mbele, inasimama barabara ya chini na mvua inanyesha. Ingekuwa ngumu namna gani kuandika hivyo kwa ujumbe? Nilipofika nimelowa, wenzangu wanane wameketi wananingoja, Wajerumani wanne, mume na mke wa Brazil, na wamama wawili wa Kanada. Mimi ndo nikaonekana mtu wa saa za Kiafrika, na ndo nilitangulia wote kufika!

Mtembezaji wetu (siandiki "gaidi" manake kwetu hilo ni jina la mtu mwingine kabisa) alikuwa kijana mzaliwa wa Guimarães, na nikwambie tu, huyo kijana ndo bei yenyewe. Kampuni nitailaumu, yeye hapana. Hakuwa anasoma tarehe kama mwalimu wa zamu, alikuwa anasimulia kama mtu anayekuambia habari za jirani.

Guimarães kuna ukuta umeandikwa Aqui Nasceu Portugal, yaani hapa ndo Ureno ilizaliwa, kila mtu anapiga picha hapo, nami nikapiga. Juu kidogo kuna ngome ya mawe, ilianzishwa karne ya 10 na mama mmoja tajiri anaitwa Mumadona Dias kulinda watawa wake na watu wasivamiwe. Hiyo ilinifurahisha, ngome imeanzishwa na mwanamke. Halafu kijana akatuambia habari ya Afonso Henriques, mfalme wao wa kwanza, vile mwaka 1128 alipigana vita hapo karibu, São Mamede, na aliyekuwa upande wa pili ni mama yake mzazi, Teresa. Mtoto amechukua jeshi kupiga mama yake juu ya nani atatawala! Hiyo kesi ingekuwa kwetu wazee wangekesha chini ya mti wiki nzima na mbuzi zingetoka. Mtoto alishinda, na ndo nchi ikaanza njia yake. Nilikaa na hiyo stori siku mzima, mtaona kwa nini.

Ngome yenyewe ni nzuri lakini usitegemee vitu vingi ndani, ni kuta na minara na upepo. Mimi nilikuwa nafikiria Thimlich Ohinga kule Migori, zile kuta za mawe zilizopangwa bila simiti wala udongo wa kushikisha na bado zimesimama. Nikamwambia kijana sisi pia tuko na yetu, UNESCO waliiandikisha 2018, mwaka mmoja kabla ya hilo kanisa lenu la Bom Jesus unalotupeleka mchana. Alitoa simu akatafuta picha hapo hapo akaonyesha Wajerumani. Sasa swali ni langu na lenu, wangapi hapa Kisumu wamefika Thimlich? Mimi nilienda mara moja, na ilikuwa ni matanga iliyonipeleka upande huo.

Jumba la Watawala wa Bragança liko hatua chache kutoka kwa ngome, limejaa mabomba ya moshi ya matofali juu ya paa, la karne ya 15, ingawa kijana hakutuficha kwamba lilikuwa limebomoka na vile tunaliona ni matengenezo ya miaka ya 1937 hadi 1959. Ukumbi wa kulia una dari ya mbao kama mashua iliyopinduliwa, ukifikiria zile wanatengeneza ufuo wa Dunga hapa Kisumu ikiwa imelala kifudifudi basi umeiona. Ukutani kuna mazulia makubwa ya kusukwa yanaonyesha Wareno wakiteka miji ya Moroko 1471. Hapo nikanyamaza kidogo. Manake sisi tunajua walivyoendelea baada ya hapo, 1498 Vasco da Gama yuko Malindi, 1593 wanaanza kujenga Fort Jesus, na hawakutoka hadi Waomani walipowatoa 1698. Kijana akaniona, akaniuliza kama Fort Jesus ni nzuri. Nikamwambia ni nzuri, na ukitaka kuiona unakuja unalipa kiingilio. Alicheka.

Halafu ndo ikatokea kitu ambacho sikulipia. Pale chini mjini, vile vichochoro vya kuelekea uwanja wa Largo da Oliveira, kijana anaonyesha kanisa anasema "igreja". Nikamwambia rudia. Igreja. Nikamwambia kwetu gereza ni jela! Ni neno lao, limefika pwani likageuka, na ukikumbuka Fort Jesus Waingereza waliifanya jela miaka mingi sasa unajiuliza. Tukaanza mchezo hapo barabarani, yeye anasema mesa mimi nasema meza, bandeira bendera, vinho mvinyo, caixa kasha, mume na mke wa Brazil nao wakaingilia, ikawa kelele. Wajerumani wanatuangalia tu.

Na lenço, leso! Duka moja hapo linauza vitambaa wanaita lenços dos namorados, vitambaa vya wapenzi. Ni vya huo upande wao wa Minho, zamani msichana alikuwa anashona kitambaa kwa mkono, maua, ndege, mioyo, na maneno ya mapenzi pembeni, anampa kijana, na kijana akikivaa hadharani basi watu wanajua mambo yameanza. Wasichana wengi hawakuwa wamesoma sana kwa hivyo maneno yako na makosa ya herufi, na mpaka leo wanashona na makosa yale yale kwa makusudi. Nilisimama hapo nikaona leso ya bibi yangu, iko na pindo, iko na jina, inasema kile mtu hawezi kusema na mdomo. Leso zetu zinasemekana zilianza na vitambaa vyao hivyo hivyo vikaunganishwa vikawa nguo, halafu wamama wa pwani wakazifanya zao. Nikanunua kimoja kidogo, bei sitasema sista yangu asije akasoma. Tulipewa dakika ishirini tu hapo. Ishirini! Na kwa jumba tulikaa saa nzima.

Sasa chakula, ambacho ndo kilinipeleka, na ndo niko na haki ya kuongea.

Mimi ni Msabato. Nguruwe sili, pombe sinywi. Sista yangu wakati wa kubuku aliandika hivyo kwa ile sehemu ya maelezo, na nimeona ujumbe wenyewe wa kukubali, imeandikwa imepokelewa. Hoteli iko nje kidogo ya Braga, ya familia, meza ndefu, mama mwenyewe anaonekana jikoni, nikaipenda kabla sijaonja. Ya kwanza inakuja caldo verde, ni supu ya viazi iliyopondwa ndani yake kuna sukuma wiki. Siongezi chumvi, ni sukuma, imekatwa nyembamba kama nywele, nyembamba kushinda ile inakatwa na wamama wa soko la Kibuye, na rangi imebaki kijani kabisa kwa sababu wanaiweka mwisho mwisho. Na juu yake, katikati ya bakuli, kipande cha soseji ya nguruwe kinaelea kinaniangalia. Yale maelezo yalipokewa na nani basi? Kijana aliona uso wangu akakimbia jikoni, kurudi na bakuli lingine safi, akaomba msamaha mara tatu na kosa halikuwa lake.

Hiyo supu bila soseji ni tamu, sitaki kudanganya. Na inakuja na broa, mkate wa mahindi umechanganywa na rai (nafaka kama ngano), mzito, maganda magumu, unakaa tumboni kama kitu kinachoelewa kazi ya shamba. Mahindi wengi husema ni Wareno walituletea Afrika, basi angalau hapo tuko sawasawa.

Halafu bacalhau ya Braga. Ni samaki chewa aliyekaushwa na chumvi, anakaangwa kwa mafuta ya zeituni, juu anawekewa vitunguu vingi vimelainika, pembeni viazi vimekatwa duara vikakaangwa. Mimi nilienda jikoni kuuliza, siwezi kujizuia. Wanaloweka maji siku moja hadi mbili na wanabadilisha maji mara kadhaa, kama vile tunafanya na obambla, samaki wetu wa kukaushwa, ikiwa ngumu sana, ila huyu ana chumvi ya kuua mtu. Mama wa jikoni haongei Kiingereza mimi siongei Kireno, tukaelewana na mikono vizuri tu. Na unajua huyo samaki hatoki kwao? Wengi wanatoka Norwe. Taifa zima limejivunia samaki wa kununua! Nikataka kucheka halafu nikakumbuka sisi tumekaa kando ya ziwa na Kisumu samaki wa China wanauzwa, nikafunga mdomo nikala. Nyama yake inatoka vipande vipande vikubwa, haina harufu, mafuta ni mengi kidogo kwangu. Samaki wangu wa kukaanga ni bora ukiniuliza, lakini vile vitunguu, hapana, hapo wamenishinda.

Wenzangu walipewa mvinyo wanaita vinho verde, maana yake kijani lakini kijani ni kwa sababu ni mchanga, hauna umri, si rangi. Mimi nilipewa maji. Maji! Juisi ya machungwa nililipia kando, euro tatu. Kama umeondoa mvinyo kwa mtu weka kitu kingine hapo, hata sisi mteja akikataa skuma tunamwekea kabeji.

Na ya mwisho ikaja pudini. Pudim Abade de Priscos, ya padri mmoja wa hapo Priscos karibu na Braga, ya kahawia, inang'aa, inateleza mdomoni kama haipo. Nikamaliza. Nikakwangua sahani. Ndo mama wa Kanada anamuuliza kijana imetengenezwa na nini, na kijana anaanza, viini vya mayai kumi na tano, sukari, mdalasini, ganda la limau, mvinyo wa Port... na hapo akanyamaza akaniangalia. Na mafuta ya nguruwe. Yanachemshwa na ile sukari halafu yanachujwa. Yaani vyote viwili vyangu viko ndani ya kitu kimoja na nimekula mpaka mwisho. Nilikaa kimya. Wajerumani ambao hawakuwa wamecheka asubuhi yote ndo hapo wakacheka. Mungu anajua moyo wangu, lakini kampuni nayo ijue kusoma.

Juu ya hilo lanchi ilienda karibu saa mbili, kwa hivyo Braga yenyewe ikaliwa. Kanisa kuu la Sé liliwekwa wakfu 1089, hata wako na msemo kitu kikiwa kizee sana, ati ni kizee kushinda Sé ya Braga. Ndani kuna kanisa dogo la wafalme na hapo ndo amelala yule Teresa, mama aliyepigwa na mtoto wake asubuhi, na bwanake Henrique. Sikutegemea. Nilikuwa bado namfikiria, na huyu hapa, jiwe. Nilitaka kukaa lakini kijana anaangalia saa.

Bom Jesus do Monte tulipata dakika arobaini, na hiyo ni aibu. Ni kanisa juu ya kilima na ngazi zaidi ya 500 zinapinda kushoto kulia, na chemchemi za milango mitano ya fahamu, moja maji yanatoka kwa macho ya sanamu, nyingine masikio, nyingine pua, mdomo. Ya kugusa sanamu imeshika mtungi. Kwa sababu hakuna wakati tulipandishwa na kigari cha reli cha mwaka 1882, na hicho ukikikosa umekosa. Hakina injini. Viko viwili vimefungwa pamoja, cha juu kinajazwa maji kinakuwa kizito kinashuka, kikishuka kinavuta cha chini, kikifika chini kinamwaga maji. Maji tu na uzito, tangu 1882. Nilishuka kwa ngazi nikikimbia, picha zote ziko na mvua.

Ukitaka kwenda mwenyewe, treni ya Porto hadi Guimarães au hadi Braga haifiki euro tano kwenda, ni kama saa moja na kidogo. Shida ni kutoka Guimarães kwenda Braga, ni karibu lakini treni ya moja kwa moja hakuna, inabidi ubadilishe au upande basi, na hautampata yule kijana. Mimi ningelipa tena lakini ningewaambia wapunguze jumba, waongeze Bom Jesus. Nyota tatu na nusu kwa kampuni, tano kwa kijana, tano kwa mama wa jikoni. Na kama wewe ni Msabato au Mwislamu usitegemee ile sehemu ya maelezo. Ukikaa mezani waambie mwenyewe kwa mdomo, sem porco, bila nguruwe. Na uulize mpaka pudini.