Kabla Hujanunua: DVD ya Sweeney Todd na Mikono ya Angela Lansbury

Wadau, karibuni. Leo mezani kuna diski moja tu: Sweeney Todd, igizo la muziki kuhusu kinyozi wa London anayekata watu makoo, lililorekodiwa jukwaani, Angela Lansbury akiwa Bi Lovett, mama muuza pai. Wengi wenu mnamjua mama huyu kwa sura nyingine, ile ya Jessica Fletcher, mwandishi wa riwaya anayenusa wauaji kwenye tamthilia ya runinga ya Murder, She Wrote. Basi leo tunaangalia ukitoa hela yako ukiwa hapa Dar unapata nini, diski itacheza au itagoma, na kwa nini mpenzi wa Jessica Fletcher aanze kwa Bi Lovett.

Tahadhari ya kwanza. Ukienda kibandani kuomba Sweeney Todd, utapewa filamu ya 2007 ya Johnny Depp. Siyo hiyo. Geuza jalada usome majina: tafuta George Hearn, ndiye Sweeney, na Angela Lansbury. Na ukiletewa iliyotafsiriwa, yaani kuna jamaa anasimulia juu ya picha, rudisha papo hapo. Muvi ya ngumi inavumilia msimulizi. Igizo la muziki halivumilii, kwa sababu hadithi yenyewe imo ndani ya maneno ya nyimbo, na msimulizi anaongea hapo hapo wanapoimba.

Rekodi yenyewe ni hivi. Igizo lilifunguliwa Broadway, kwenye kumbi kubwa za maigizo za New York, tarehe 1 Machi 1979, muziki na mashairi ya Stephen Sondheim, mwongozaji Harold Prince. Lansbury akachukua Tony, tuzo ya maigizo ya Broadway, kwa nafasi hiyo. Baadaye likazunguka miji ya Marekani, na lilipofika Los Angeles kamera zikaingizwa ukumbini, kwenye Dorothy Chandler Pavilion, watazamaji wakiwa vitini. Ndiyo maana mtasikia makofi. Runinga ikaionyesha mwaka 1982. Urefu ni kama dakika 140, kwa hiyo usianze saa nne usiku ukasema utaonja kidogo.

Sasa twende kwenye wimbo wake wa kwanza, maana hapo ndipo diski inapolipa hela yake. Sweeney anaingia dukani. Bi Lovett hajaona mteja siku nyingi, duka lina vumbi na wadudu, nyama imepanda bei. Anaanza kuimba jinsi pai zake zilivyo mbaya, huku anakanda unga. Tazameni mikono, msitazame uso kwanza. Sentensi inakatika katikati, mkono unashuka puu juu ya donge, sentensi inaendelea. Anapuliza vumbi, anampiga mdudu, anarudi kwenye wimbo kana kwamba hakuondoka. Yale mapigo hayakuongezwa kuchekesha watu, yamepangwa ndani ya muziki. Mkono ukichelewa, neno linalofuata nalo limechelewa, na okestra haimsubiri mtu. Halafu rudisheni nyuma mtazame pumzi: wimbo umejaa maneno ya haraka, na yale mapengo ya kupiga unga ndiyo yanayompa nafasi ya kuvuta hewa. Mtazamaji anaona mama mwenye kazi nyingi kumbe mwimbaji anapumua.

Mliopo kwenye vikundi vya maigizo, jaribuni nyumbani. Nusu kilo ya unga wa ngano, maji robo lita, kijiko kimoja cha mafuta. Ni mgumu kuliko wa chapati, na ni makusudi: unga laini unashika vidole, na ukishika vidole pigo linachelewa. Kwa joto letu, na taa juu yake, unga unalegea haraka, kwa hiyo kanda mwingine kila mnaporudia zoezi. Chagueni wimbo wowote wa haraka. Kosa litakalotokea ni mkono kugeuka ngoma, unapiga kila mdundo, puu puu puu, na maneno hayasikiki. Dawa yake ni kukariri wimbo kwanza bila unga, halafu mchague sehemu nne au tano tu za kupiga, zote ziwe mahali ambapo mdomo umefungwa. Lansbury anafanya hivyo, ila anafanya kama vile hakuna aliyepanga kitu.

Na hapa ndipo deki yako inapoingia. Mikono ile inakwenda mbio, na rekodi hii ni ya mkanda wa video wa zama zake, picha yake imegawanywa mistari inayopokezana. Ukicheza diski kwenye kompyuta bila kurekebisha, kila mkono unapokimbia pembeni yake panatokea meno kama ya kitana. Watu wanasema diski mbovu. Si mbovu. Kwenye VLC, programu ya kuchezea video, ingia Video, halafu Deinterlace, weka On, na kwenye Deinterlace mode chagua Yadif (2x). Meno yanapotea, na mwendo unakuwa laini kama matangazo ya mpira.

Umbo la picha nalo. Ilipigwa kwa runinga za zamani, 4:3. Runinga bapa itaivuta hadi Bi Lovett awe mpana kama kabati. Tafuta kitufe cha ukubwa wa picha kwenye rimoti, weka 4:3, ukubali pande mbili nyeusi. Usikuze picha kuziba weusi, utakata vichwa juu na meza ya unga chini.

Sasa kanda. Diski za DVD zimegawiwa kwa kanda za dunia: Marekani ni kanda ya 1, Uingereza ni 2, Tanzania tuko 5. Nakala ya soko la Marekani ikiingia kwenye deki iliyofungwa kanda 5 itakuandikia kosa na kutema diski. Dukani Kariakoo usiulize tu kama inacheza DVD, uliza kama inacheza kanda zote, na nenda na diski yako ijaribiwe pale pale. Angalia pia kama deki inakubali NTSC, mfumo wa picha wa Marekani. Sisi tumezoea PAL, na runinga kongwe inayojua PAL peke yake itaonyesha picha isiyo na rangi au inayopanda na kushuka. Runinga bapa nyingi hazina shida hiyo. Kwenye kompyuta, kiendeshi cha diski kinakuruhusu kubadili kanda mara tano tu, ya tano inabaki hapo milele. Usibonyezebonyeze.

Na jamani, msiagize deki kutoka Marekani ili kukwepa kanda. Umeme wao ni volti 120, wetu 230. Soma kibandiko cha nyuma: kikisema 100–240V, chomeka. Kikisema 120V peke yake, ukichomeka moja kwa moja kitu cha kwanza utakachopata ni harufu.

Sauti ina mtego wake. Mwanzoni mwa igizo kuna king'ora cha kiwandani, kikali cha kutoboa masikio, na kinarudi koo linapokatwa. Wengi wanapunguza sauti kwa ajili ya king'ora, halafu mazungumzo hawayasikii. Fanya kinyume: ruka hadi Bi Lovett anapozungumza, pima sauti hapo, kisha rudi mwanzo ukiwa na rimoti mkononi. Kama unatumia sabufa, shusha besi karibu na mwisho. Kinachobeba utani humu ni herufi kali, s, t, k, na besi inazifunika. Anaigiza lafudhi ya mtaani London, inayomeza herufi, kwa hiyo tafuta nakala yenye maandishi ya Kiingereza chini. Ya Kiswahili usitegemee. Wimbo wa kufunga sehemu ya kwanza, wakati Bi Lovett anapata wazo kwamba nyama ya bure ya pai itokane na hao waliokatwa makoo, ni utani wa maneno mtupu kuhusu ladha ya mtu wa kila kazi, padri ana ladha gani, mwanasheria ana ladha gani. Watani wa jadi msibani wangeuelewa mara moja. Bila kuelewa maneno utaona watu wawili wanacheka tu.

Watoto walale kwanza. Damu ipo.

Haya, kwa nini nasema mpenzi wa Jessica Fletcher aanze hapa. Tazameni alikotoka. Alizaliwa London tarehe 16 Oktoba 1925, mama yake Moyna Macgill mwigizaji, babu yake George Lansbury kiongozi wa chama cha Labour. Baba alifariki yeye akiwa na miaka tisa. Mwaka 1940, mabomu yakianguka London, mama akavuka na watoto kwenda Marekani. Filamu yake ya kwanza, Gaslight ya 1944, ikampatia uteuzi wa Oscar akiwa bado kigoli. Ungedhani njia imenyooka. Wapi! Studio ikampa nafasi za wanawake wenye umri mkubwa kuliko wake, na kwenye The Harvey Girls ya 1946 wakaifuta sauti yake ya kuimba wakaweka ya mwanamke mwingine. Mwaka 1962 aliigiza filamuni kama mama wa mwigizaji Laurence Harvey, mwanamume mdogo kwake kwa miaka mitatu tu. Igizo lake la kwanza la muziki Broadway, mwaka 1964, lilidumu maonyesho tisa likafungwa. Halafu 1966 ikaja Mame, akiwa na miaka 40, na Tony ya kwanza. Dear World ikaleta ya pili, Gypsy ya tatu, na hii iliyopo mezani ya nne. Ya tano aliipata 2009, ana miaka 83, kwa mchezo usio wa kuimba.

Murder, She Wrote ilianza Septemba 1984, miaka miwili tu baada ya rekodi hii kuonyeshwa. Ikaenda misimu 12, vipindi 264, hadi Mei 1996. Ukitazama viwili kila siku bila kukosa, ni siku 132. Aliteuliwa kuwania Emmy, tuzo ya runinga ya Marekani, kwa nafasi hiyo mara 12 na hakupewa hata moja, jambo ambalo kwa maoni yetu ni aibu ya watoaji.

Sasa ruka hadi sehemu ya pili ya diski, kwa Tobias, kijana anayemsaidia dukani. Kijana anamwimbia kwamba atamlinda, hakuna baya litakalompata. Bi Lovett anatoa kipochi ampe senti akanunue peremende, na kijana anakitambua: ni cha bwana wake aliyepotea. Sitisha hapo. Kuanzia sekunde hiyo mama amejua kwamba kijana anajua. Anaendelea kumbembeleza na sauti haibadiliki, tamu ile ile. Macho ndiyo yanayobadilika. Anampenda kijana huyu kweli, na anapiga hesabu ya kumfungia chini kwenye chumba cha joko la pai. Mtu wa kiti cha nyuma ukumbini aliyaona hayo kwa namna mwili unavyokauka kidogo. Kamera inakupa uso.

Ukitoka hapo weka kipindi chochote cha Jessica Fletcher, nenda dakika kumi za mwisho. Kuna mtu anasema neno dogo tu, na Jessica anasimama, kikombe mkononi, macho yanahama. Amemjua muuaji. Ni ufundi ule ule, ila sasa anayepiga hesabu ni mtu mwema. Mikono nayo haikupumzika: anachapa taipu, anaendesha baiskeli, maana Jessica hajui kuendesha gari, anaosha vyombo huku anahoji watu. Mwigizaji anayesimama tu kusema maneno huchosha kwenye kipindi cha tatu. Huyu hakuchosha kwa miaka 12.

Kasoro za diski tuzitaje. Jukwaa lina giza, na kamera ikienda mbali nyuso zinakuwa ukungu. Rangi nyekundu inavuja pembeni. Kwaya ikiimba wote kwa pamoja, maneno yanapotea hata kwa msikivu. Ni mkanda wa runinga wa zaidi ya miaka 40, hakuna rimoti itakayouongezea ung'avu.

Ukinunua iliyotumika, igeuze kwenye mwanga. Chini ikiwa na rangi ya fedha, imetoka kiwandani. Ikiwa ya zambarau imechomwa kwenye kompyuta, na kwa joto la hapa, hasa ikiachwa kwenye gari, haina umri. Mikwaruzo ya kutoka katikati kwenda ukingoni si tatizo kubwa. Inayozunguka na mduara ndiyo inayokwamisha. Futa kwa kitambaa laini chenye maji kidogo, kutoka tundu kwenda nje, usizungushe. Kisha ijaribu mbele ya muuzaji kwenye wimbo wa unga na kwenye kipochi cha Tobias. Zikipita hizo mbili bila kukwama, lipa.