VirtualBox na CD za zamani za plani: kisanduku kimoja usikisahau

Jambo yenu wandugu, Lubumbashi, Likasi, Kolwezi! Leo hatuchambui simu. Ni VirtualBox, programu inayoendesha kompyuta ya pili ya kubuni (mashine pepe) ndani ya kompyuta yako, kwa ajili ya ofisi za wachora plani zenye CD za miaka ya 2000 zilizolipiwa dola nyingi, na Windows 10 na 11 zinazigomea.

CD yako ni nzima, haijaharibika. Ulinzi wa SafeDisc, ule wa kuzuia CD isinakiliwe, ulitegemea draiva secdrv.sys, na Windows 10 ilipotoka mwaka 2015 iliikataa kwa sababu za usalama. Basi programu inakuambia uweke CD halisi, na CD imo ndani! Dawa yake ni Windows XP ya biti 32 kwenye mashine pepe: RAM gigabaiti 1, diski gigabaiti 20. Mengine mnayajua.

Sasa tazameni hapa, maana hapa ndipo penye utamu. Mashine imezimwa. Settings, Storage, bofya alama ya CD, chagua lekta (kisoma CD) yenyewe ya kompyuta, halafu weka tiki kwenye Passthrough. Bila tiki, XP inasomewa data ya kawaida tu, zile amri za kuikagua CD hazifiki. Natoa tiki, nawasha… mmeona? Imekataa. Nazima, narudisha tiki, nawasha. Sikilizeni lekta inavyonguruma… haya, imefunguka! Na msiniulize ISO, yaani faili la nakala ya CD: nakala ya kawaida haibebi sekta mbovu zilizotiwa makusudi, na SafeDisc inazitafuta hizohizo.

Diski ya mashine pepe iacheni kwenye IDE, muunganisho wa zamani wa diski. Ukiihamishia SATA, ule mpya zaidi, XP haina draiva yake (AHCI), utapata skrini ya bluu, 0x0000007B.

Kinachoniudhi ni yule kobe wa kijani pale chini ya dirisha la mashine pepe. Ukimwona, Hyper-V, mfumo wa Windows wenyewe wa mashine pepe, imeshika prosesa na kila kitu kinajikokota. Fungua cmd kama msimamizi, andika bcdedit /set hypervisorlaunchtype off, uwashe kompyuta upya. Kobe akibaki, zima Memory Integrity, ulinzi mmoja wa Windows.

VMware Workstation, mshindani wa VirtualBox, je? Tangu Novemba 2024 ni bure hata kwa ofisi, ila kuipakua lazima ufungue akaunti ya Broadcom, kampuni inayoimiliki. VirtualBox unapakua tu, ndiyo maana mimi niko huku.

Intaneti ya XP ikateni, Microsoft iliacha kuitunza Aprili 2014. Programu ikishakubali, piga Snapshot palepale, yaani hifadhi hali ya mashine pepe ilivyo. Umeme ukikatika katikati ya kazi na XP ikiharibika, unarudi hapo bila kusakinisha upya. Video ijayo ni plota za zamani zenye kebo ya LPT (ile pana ya printa za zamani), bonyezeni kengele. Aksanti!