Tathmini ya filamu ya hali halisi "Harry Dean Stanton: Partly Fiction"

Anayenunua filamu ya hali halisi kuhusu mwigizaji hutarajia kusimuliwa maisha yake hatua kwa hatua, tangu utotoni hadi kwenye tuzo. Filamu hii ya Sophie Huber, iliyotoka mwaka 2012, haina simulizi ya namna hiyo. Kwa takriban saa moja na robo Harry Dean Stanton anavuta sigara, anaimba nyimbo za zamani za Kimarekani kwa sauti iliyochakaa lakini isiyopotoka, na akiulizwa jambo hujibu kwa maneno mawili matatu kisha akanyamaza. Hata David Lynch, rafiki yake aliyemwongoza katika filamu kadhaa, haambulii mengi.

Kwa maoni yangu Huber amefanya vyema kutomlazimisha, kwani ukimya ndio uliokuwa ufundi wa mzee huyu. Stanton, aliyezaliwa Kentucky mwaka 1926 na kufariki mwaka 2017, aliigiza kwa zaidi ya miaka 60, mara nyingi katika nafasi ndogo: fundi wa chombo cha angani katika Alien (1979), baba asiye na kazi katika Pretty in Pink (1986), mfungwa katika The Green Mile (1999). Hakuwa mtu wa kubadili sura wala lafudhi. Kilichobadilika kutoka mhusika mmoja hadi mwingine ni kiasi cha yale aliyomficha mtazamaji. Katika The Straight Story (1999) anaonekana mwishoni tu, kwa dakika chache, akiitazama mashine ya kukatia nyasi ambayo kaka yake mgonjwa ameiendesha kutoka Iowa hadi Wisconsin ili wapatane, na kabla hajasema neno la maana macho yanamlengalenga machozi. Waigizaji wengi wangeililia nafasi hiyo kwa kwikwi.

Kamera ya Seamus McGarvey imelielewa hilo, kwa hiyo inakaa karibu na uso wake, aghalabu kwa rangi nyeusi na nyeupe, bila haraka ya kuondoka.

Ninacholalamikia ni televisheni, ambayo ilistahili nafasi kubwa zaidi. Stanton alipita katika vipindi kadhaa vya Gunsmoke akiwa bado hajulikani, na uzeeni akawa Roman Grant, kiongozi wa madhehebu ya wake wengi katika tamthilia ya Big Love, ambako upole uleule uliomfanya apendwe unageuka kuwa tishio. Asiyeiona kazi hiyo atadhani mzee alikuwa na hali moja tu, ya huzuni.

Kwa anayemfahamu Stanton, naipendekeza bila kusita. Asiyemfahamu aanze na Paris, Texas (1984), iliyompa uhusika mkuu akiwa anakaribia miaka 60. Bila hiyo, ukimya wa filamu hii utamchosha mapema.