Sari kama ya Jayalalithaa: ununue ipi ukiwa Chennai?

Jayalalithaa alianza kuonekana kwenye sinema za Kitamil mwaka 1965, na 1991 akawa Waziri Kiongozi wa Tamil Nadu, jimbo la kusini mwa India ambalo mji mkuu wake ni Chennai. Muhula ule wa kwanza alivaa joho fupi juu ya sari. Polisi walipopekua nyumba yake mwishoni mwa 1996, zilitajwa sari zaidi ya 10,000 na viatu jozi 750! Wewe unatafuta moja tu, kwa hiyo ichague vizuri.

1. Kanchipuram. Hii ndiyo yenyewe: hariri nzito kutoka mji ulio kilometa kama 70 nje ya Chennai. Aliyezoea kanga hapotei hapa, aangalie mji na pindo. Chukua yenye mji wa rangi moja na pindo la rangi nyingine, kisha igeuze. Kama ni korvai, pindo halikushonewa. Nyuzi zake zimefungamana na za mji kwenye kitanda cha mfumaji, na ukipitisha kidole kwa nyuma utausikia mstari wa maungio. Halafu zari. Ile ya kweli ni uzi wa hariri uliozungushiwa fedha na kupakwa dhahabu. Omba uzi uliochomoza pembeni, ukwangue kwa ukucha: ndani ukikuta wekundu, ni dalili nzuri. Dai pia lebo ya Silk Mark, inayothibitisha kuwa hariri ni halisi. Kama kupatana bei kunakuchosha, nenda Co-optex, duka la ushirika wa wafumaji.

2. Arani. Hariri pia, ila nyepesi na nafuu. Kama hujawahi kukaa na sari harusi nzima, anzia hapa. Kanchipuram inaelemea bega.

3. Pamba ya Chettinad. Ina miraba na inavumilia joto. Haifanani na picha za Jayalalithaa za jukwaani, lakini kwa pesa yangu ningenunua hii.

4. "Hariri" ya poliesta. Iache. Choma uzi mmoja: hariri hunuka nywele zilizoungua na majivu yake husagika, poliesta huyeyuka ikawa kidonge kigumu.

Rangi usiulize, ni kijani. Jayalalithaa aliipenda mno, na hata alipozikwa ufukweni Marina, Chennai, Desemba 2016, alivishwa sari ya kijani. Kitambaa cha blauzi huja mwishoni mwa sari yenyewe, kama sentimita 80. Fundi asikikate kabla hujaijaribu sari mwilini.