Shafti mpya ya IST iligoma kukaa kwenye giaboksi, uzoefu wangu

Jamani kama unataka kubadilisha shafti ya mbele (ile fimbo inayotoa nguvu kwenye giaboksi kupeleka kwenye tairi) soma hii kwanza, mimi imenila siku nzima na hela ambayo sikuipangia.

Gari yangu ni Toyota IST ya 2004, injini ya 1NZ ile ya cc 1500, oto. Kama mwezi hivi nikikata kona kulia usukani ukiwa umeisha, tairi la kushoto linalia ka-ka-ka-ka, fundi akachungulia akakuta raba ya nje imechanika na grisi yote imerukia rimu kwa ndani, joint, kile kiungo cha mwisho wa shafti kinachoiruhusu kupinda, imeshakula vumbi. Maduka ya spea ya Gerezani used ya Japani walitaka laki na ishirini, mpya ya kwenye boksi laki na hamsini, nikachukua mpya maana used huwezi kujua imetembea kiasi gani.

Kutoa ya zamani haikusumbua. Nati ya kati namba 30, boljointi ya chini (kiungo kinachoshika mguu wa tairi), mtaimbo mdogo kati ya shafti na giaboksi, ikachomoka, oili kidogo ikaingia kwenye beseni basi.

Kuingiza sasa. Inaingia vizuri mpaka karibu na mwisho halafu inagota, inabaki imechomoza kama unene wa simu. Fundi akashika nyundo, akapiga mbili tatu, wapi. Akaniambia "dada hizi mpya ndo zilivyo, tufunge tu nati ya tairi itajivuta yenyewe ukitembea". Nikakataa kabisa. Ile nati inavuta upande wa tairi, kule giaboksini haisukumi kitu, na joint ya ndani inacheza kuingia na kutoka kwahiyo unaweza ukafunga kila kitu na gari ikaonekana nzima kumbe shafti haijashika. Ikichomoka barabarani gari haivuti tena na oili ya gia yote inamwagika chini, mimi nabeba watoto wa shule kwenye hii gari siwezi kucheza na hilo.

Tukaitoa tukaanza upya. Tukazilaza zote mbili chini, urefu sawa, tukahesabu meno pande zote sawa, kwahiyo shafti ni yenyewe. Tukamulika ndani ya giaboksi na tochi ya simu tuone kama ile pete ya waya ya zamani, inayoizuia shafti isichomoke, ilibaki humo (huwa inatokea, na mpya haiwezi kupita), haikuwepo, ipo kwenye shafti yake. Hapo ndo fundi akaishika ile pete ya waya ya kwenye shafti mpya, ile inayokaa kwenye mfereji kule ncha ya meno, akaibana kwa vidole akanyamaza. Akaniita, "njoo uone dada". Pete ya zamani ukiibana inazama yote kwenye mfereji, hii mpya inabaki imetokeza kama kucha, waya wake mnene na umetanuka. Sasa itapitaje kwenye tundu la gia? Na ingelazimishwa zaidi ingepinda humo ndani au ivunjike, halafu ushushe giaboksi.

Ya zamani hatukuirudisha maana imeshalegea, nikaagiza pete ya Toyota yenyewe, elfu tano tu! Boda kwenda kurudi ndo imekula zaidi. Tukiwa tunasubiri tukakagua na oil sili, ile raba inayozuia oili isivuje pale shafti inapoingia, mdomo wake umekunjika kwa zile nyundo za mwanzo, elfu kumi na tano nyingine. Fundi wangu nampenda lakini hapo nilimwambia ukweli.

Pete ilipofika akaipaka grisi ili ikae katikati ya mfereji isilale upande mmoja, uwazi wake akauelekeza chini, akapaka oili mdomo wa sili. Akashika kile kikombe cha joint ya ndani, siyo fimbo ya katikati maana ukivuta fimbo joint inaweza kuachana, akaizungusha kidogo meno yakakutana akasukuma mara moja kwa nguvu. TAK! Mlio huo nimeusikia nimesimama upande wa pili wa gari. Akavuta kikombe kwa mkono, inacheza kidogo lakini haitoki, na hakuna upenyo tena. Tukajazia oili ya giaboksi ya oto, T-IV, iliyopungua.

Wiki ya tatu hii, kona zote kimya, chini ya giaboksi pakavu, naangalia kila asubuhi. Shafti yenyewe naipa nyota nne kwa tano, imetulia hata spidi ya mia. Duka naipa moja, nilirudi na ile pete mkononi muuzaji hata hakuitazama, akasema fundi wako ndo hajui kazi. Pete ninayo bado, ipo kwenye dashibodi, mwenye IST akitaka kulinganisha kabla hajafunga yake aje aione.