TAHADHARI: Kambi ya Bidiya isiyokuwepo, usitume arbuni

Assalaam alaykum ndugu zangu mlioko Maskati, na nyinyi wa Unguja na Mombasa mnaokuja kutembelea jamaa msimu huu wa baridi. Kuna mtu anauza usiku wa kulala kambini Bidiya, kwenye jangwa la mchanga la Sharqiya hapa Oman, na kambi yenyewe haipo. Sisi katuliza riali 70.

Mama mkwe alikuja kutoka Zanzibar. Babu yake mzaa baba alitoka Ibra, na umri wake wote mji huo ameusikia kwa jina tu. Tukapanga Ijumaa asubuhi aone majumba ya kale ya Al Manzfah, Magharibi itukute Bidiya mchangani, Jumamosi watoto wakaoge Wadi Bani Khalid, kisha turudi. Nikaliona tangazo Instagram, nikamwandikia mwenyewe WhatsApp. Riali 140 kwa watu sita, chakula cha usiku, ngamia na usafiri wa mchangani humo humo. Alitaka nusu iingie benki siku ile ile, eti nafasi zinakwisha. Na kweli wikiendi za baridi kambi za kule hujaa, ndiyo maana sikumshuku.

Lakini dalili zilikuwepo, nasema kwa aibu. Kwenye picha zake, nyuma ya mahema kulikuwa na majabali marefu mekundu yaliyochomoza mchangani. Bidiya hakuna kitu kama hicho. Kule ni matuta ya mchanga tu, na milima ya Hajar unaiona kwa mbali, kaskazini. Mwanangu ndiye aliyegundua, tumeshaliwa: ni Wadi Rum, Jordani! Halafu ratiba ilituahidi soko la wanawake la Ibra siku ya Ijumaa. Soko lile ni la Jumatano. Mtu anayewapeleka wageni Ibra kila wiki atakosea hilo?

Tulipofika kwenye sheli aliyotuelekeza, akaja kijana na pikapu. Kasema gari letu dogo litazama mchangani, jambo ambalo ni kweli, na kutupeleka ni riali 40 taslimu, kwanza. Nikamuuliza jina la kambi. Hakulijua. Yeye kaambiwa achukue pesa, basi. Nikampigia aliyetuuzia, kumbe keshanizuia. Jua linazama, watoto wana njaa, mama mkwe yuko kiti cha nyuma na tasbihi yake, na mimi natakiwa nimfuate nisiyemjua ndani ya jangwa la kilomita za mraba kama 12,500. Nikakataa.

Mzee mmoja wa duka la jirani alitusikia tukibishana, akatujibu kwa Kiswahili safi. Kazaliwa Tabora! Akatukalisha kwa kahawa na tende, akatueleza desturi ya pale. Kambi za kweli zina majina yanayojulikana na kila mwenye duka, na zina leseni ya Wizara ya Urithi na Utalii. Kuchukuliwa na gari lao kutoka barabara ya lami ni kawaida, na wengi hutoza, ila bei unaambiwa mapema. Kwa hiyo omba nambari ya leseni na ramani ya kambi kabla ya kulipa, na bei ya gari ipate kwa maandishi. Akiyumba hapo, mwache. Nambari ya akaunti nayo itazame: tuliyopewa sisi ilikuwa ya jina la mtu, wala si la kambi, na mimi nikapita tu.

Tulilala hoteli Ibra. Polisi nimeshawapelekea risiti ya benki na ujumbe wote, na kama nawe umemtumia pesa, usifute kitu, kapeleke vivyo hivyo. Tangazo lile limeshaondolewa, lakini juzi nimeona picha zile zile za majabali mekundu kwa jina jingine, na safari hii bei imeshuka hadi riali 110.