Kuishi na Mizimu Katika The Sims 4: Uzoefu Wangu

Wachezaji wengi ninaowafahamu wa The Sims 4, mchezo wa kompyuta ambamo mtu huendesha maisha ya wahusika wa kubuni na familia zao, huzima uzee katika mipangilio ya mchezo ili wahusika wao wasife, na wengine, mhusika akifa kwa ajali, hufunga mchezo haraka kabla haujahifadhiwa, kisha huanza tena pale walipokuwa kabla ya msiba. Ninaielewa sababu yao, kwa maana mtu huwa amemlea mhusika huyo tangu utotoni, amemsomesha, amemwoza na kumjengea nyumba. Hata hivyo nimeucheza mchezo huu kwa muda mrefu, na ninaamini kwamba wanaokikwepa kifo wanajinyima sehemu iliyotungwa kwa akili nyingi kuliko zote, yaani maisha ya mizimu. Tathmini hii inahusu sehemu hiyo peke yake: kile kinachopatikana bure, kile kinachouzwa, na jinsi mzimu anavyoweza kuibadilisha familia nzima ikiwa mchezaji atamwacha abaki nyumbani.

Mizimu si jambo geni katika mfululizo huu ambao Will Wright na studio ya Maxis waliuanzisha mwaka 2000. Katika The Sims 2 ya mwaka 2004, mizimu walitoka makaburini usiku na kuwatisha walio hai, na hofu hiyo iliweza hata kuua. The Sims 3, iliyotoka mwaka 2009, ilimruhusu mzimu kurudi nyumbani akiwa mwanafamilia kamili, kupitia maabara ya sayansi ambako jamaa alipeleka kaburi la marehemu wake. Kwa hiyo The Sims 4 ilipotolewa Septemba 2014 bila mizimu na bila mabwawa ya kuogelea, wachezaji walilalamika sana, na walikuwa na haki. Mizimu waliletwa na sasisho la bure la tarehe 1 Oktoba mwaka huohuo, na mabwawa yakafuata mwezi Novemba, pamoja na kifo cha kuzama majini. Tangu Oktoba 2022 mchezo wa msingi wenyewe hutolewa bure, kwa hiyo sehemu kubwa ya ninayoyaeleza hapa haimgharimu mtu chochote, ukiacha bando la intaneti la kuupakua, ambalo si dogo.

Mhusika anapofariki, mtoa roho hufika akiwa amevaa joho jeusi na kushika mundu, na jamaa waliopo wanaweza kumsihi amwachie. Wakati mwingine hukubali, wakati mwingine hukataa, isipokuwa msihi awe na ua la kifo la kumpa, ambalo hupatikana bustanini kwa kupandikiza okidi na komamanga. Asipoachiwa, marehemu huacha jiwe la kaburi ikiwa amefia nje, au chombo cha majivu ikiwa amefia ndani ya nyumba. Kuanzia hapo mchezaji ana uamuzi wa kufanya, na uamuzi huo ndio unaoyafungua au kuyafunga yote yatakayofuata. Anaweza kuliweka kaburi uani, ambapo mzimu hutokea nyakati za usiku. Anaweza kuandika maneno juu yake, kuomboleza mbele yake, au kuimarisha uhusiano wa marehemu na dunia ya walio hai. Anaweza pia kuiachilia roho iende kuzimu moja kwa moja, na hilo likishafanyika marehemu hatokei tena. Namshauri kila anayeanza ahifadhi mchezo katika faili tofauti kabla ya kubonyeza hapo.

Rangi na mwenendo wa mzimu hutegemea namna alivyokufa. Aliyeungua huonekana wa rangi ya moto, aliyezama majini huwa wa buluu, na aliyekufa kwa hasira kupita kiasi, kwa maana katika mchezo huu hasira, aibu na hata kicheko vinaweza kuua, huja akiwa mwekundu na mwenye chuki. Wanapita kwenye milango bila kuifungua. Huingia ndani ya vifaa vya nyumbani na kuvitikisa, na mwenye hasira anaweza kuviharibu, jambo ambalo huilazimisha familia kutafuta fundi asubuhi.

Katika familia ninayoipenda zaidi, mkubwa wa nyumba alikuwa Bi Zuhura, mhusika niliyemtunga akiwa mjane, mtunza bustani mwenye maneno makali na moyo mwema. Alifariki kwa uzee akiwa sebuleni, mbele ya mwanawe, mkaza mwana wake na wajukuu wawili. Nilikiweka chombo cha majivu yake juu ya rafu karibu na dirisha linaloelekea bustanini, kisha nikaiacha familia iendelee na maisha yake. Mizimu wanaotokea usiku hawaongozwi na mchezaji, na hapo ndipo ninapoona ubora wa kazi hii: Bi Zuhura alikuja alipotaka, akaketi alipotaka, na mjukuu mdogo, ambaye alikuwa mchanga bibi yake alipofariki, alimfahamu akiwa mzimu tu. Uhusiano wao ulianza sifuri na ukakua kwa mazungumzo ya usiku, mtoto akiwa amechelewa kulala na mama yake akikasirika. Hakuna mahali ambapo mchezo ulinielekeza kufanya hivyo. Hadithi hiyo ilizaliwa kwa sababu kaburi lilikuwa pale na mtoto alikuwa macho.

Urafiki kati ya mzimu na mwanafamilia ukishakuwa mzuri, mzimu anaweza kualikwa ajiunge na kaya, na kuanzia hapo mchezaji humwendesha kama mhusika mwingine yeyote. Anaweza kuajiriwa, kupika, kupalilia na kujifunza ujuzi mpya. Nilipomwalika Bi Zuhura, alirudi kwenye mimea yake, na bustani iliyokuwa imekauka tangu kifo chake ikapata mwenyewe. Hata hivyo nilijifunza kwamba kumwalika mzimu kunapunguza kitu fulani. Anapokuwa usiku wa leo yupo na kesho hayupo, kila kutokea kwake kuna uzito, na familia hukatiza shughuli zake kumtazama; akishakuwa mwanakaya wa kudumu, anadai kula, kulala na kuoga sawasawa na walio hai, na kwa muda mfupi anakuwa mtu wa kawaida mwenye mwili unaopenya mwanga. Huu ndio udhaifu wa mchezo wa msingi ambao ningependa ungerekebishwa: mahitaji ya mzimu yanafanana mno na ya aliye hai.

Kuhusu kumfufua marehemu, zipo njia mbili kuu, na zote zinahitaji subira. Ya kwanza ni chakula kiitwacho ambrosia, ambacho humtaka mpishi afike ngazi ya 10 ya upishi wa hali ya juu, kisha akusanye samaki malaika, dawa ya ujana na lile ua la kifo. Mzimu akikila, hurudi kuwa hai. Ya pili ni Kitabu cha Uhai, ambacho huandikwa na mhusika aliyekamilisha ndoto ya kuwa mwandishi mashuhuri, na ambacho hufungamanishwa na mtu mmoja ili kiweze kumrudisha akifa. Napenda sana kwamba njia hizi zinadai kazi ya miaka ya mhusika, kwa sababu mjane anayejifunza kupika ili amrudishe mumewe, au binti anayeandika vitabu usiku kucha kwa ajili ya mama yake, ni hadithi kamili hata kabla ya matokeo. Lakini matokeo yenyewe, kwa maoni yangu, huwa hafifu kuliko safari. Aliyefufuliwa huendelea na maisha karibu kana kwamba hapakutokea kitu, na wale waliomlilia hawaonyeshi mshangao wa kutosha. Ndiyo maana siku hizi familia zangu huitafuta ambrosia, wakaiweka kwenye jokofu, na mara nyingi mzimu mwenyewe haruhusiwi kuila.

Sasa nije kwenye vifurushi vinavyouzwa, yaani nyongeza za kuupanua mchezo wa msingi. Paranormal, kilichotoka Januari 2021, ni kifurushi kidogo kinachomwezesha mchezaji kuigeuza nyumba yoyote kuwa nyumba yenye mizuka. Usiku vitu hutembea, viumbe vidogo vya ajabu hutokea na kutaka kutulizwa kwa zawadi au mishumaa, na Guidry, mzimu mpole aliyewekwa kuwa mwongozi, hutoa ushauri. Yupo pia Temperance, ambaye nia yake si njema, na Bonehilda, mtumishi wa mifupa mitupu anayeitwa kwa meza ya kuongea na wafu. Mhusika akipata ujuzi na leseni anaweza kuajiriwa kwenda kuzisafisha nyumba za watu. Ni kazi ya kusisimua kwa wiki za mwanzo. Lakini mizimu wa kifurushi hiki ni wageni kwa familia, hawana historia nayo, na baada ya muda shughuli za kila usiku hufanana.

Life & Death, kifurushi kikubwa kilichotoka tarehe 31 Oktoba 2024, ndicho kilichonipa nilichokuwa nakitafuta. Kinaleta mji wa Ravenwood wenye misitu, kunguru na makaburi ya kale, lakini mji ni jambo dogo kwangu ukilinganisha na jinsi kilivyoushughulikia msiba. Waombolezaji hawafanani tena: mmoja huukana msiba, mwingine hukasirika, mwingine hujikaza mbele ya watu. Mtu anaweza kuandika wosia akiwa hai, akataja nani atamrithi mali, nani atawalea watoto wake, na azikwe vipi. Wosia husomwa baada ya kifo, na hapo ndipo ndugu walioishi kwa amani huanza kutazamana vibaya. Vipo vitu vya urithi vinavyopita kutoka kizazi hadi kizazi. Mhusika anaweza kuajiriwa kuwa mhudumu wa mazishi, au hata kuwa mtoa roho mwenyewe, kazi ambayo nilidhani ingekuwa ya mzaha lakini inadai umakini.

Kwa upande wa mizimu, kifurushi hiki kinawapa uwezo wao wenyewe wa kuukuza, wa kuwasaidia walio hai au wa kuwasumbua, na muhimu zaidi kinawapa sababu ya kubaki duniani. Malengo ambayo mtu hakuyakamilisha hugeuka kuwa shughuli inayomsubiri baada ya kifo, na mzimu anayeimaliza safari hiyo anaweza kuchagua kuzaliwa upya. Katika familia yangu nyingine, kaka mkubwa aliyeungua jikoni kabla ya kuoa alibaki nyumbani kwa mdogo wake akiyatimiza aliyoyaacha, na siku aliyokuwa tayari kuondoka nilijikuta sitaki. Mchezo wa msingi haukuwahi kunipa sababu ya kutaka mzimu aende. Kifurushi hiki kilinipa sababu mbili zinazopingana.

Yapo mapungufu ninayotaka msomaji ayajue kabla ya kulipa. Mchezo hauna tafsiri ya Kiswahili, kwa hiyo maelezo yote ya wosia na ya safari ya roho husomwa kwa lugha ya kigeni, na sehemu hii ina maandishi mengi kuliko nyingine. Taratibu za mazishi zimetungwa kwa desturi za Marekani na Ulaya: jeneza au chombo cha majivu, hotuba za kumkumbuka marehemu, na mavazi meusi. Anayetaka sanda, matanga au arubaini hatazikuta. Mimi huandaa hafla ya kawaida ya nyumbani siku kadhaa baada ya mazishi, nikawaita majirani na kupika chakula kingi, ikawa hitima ya familia yangu. Inafaa, ila ningefurahi watunzi wakiipanua orodha yao.

Wazazi wengine wataona uzito kumwachia mtoto mchezo wenye kuongea na wafu, na hilo si la kupuuzwa katika nyumba ambazo imani hulikataza. Mchezo umepangiwa vijana, miaka 12 na zaidi barani Ulaya, na mizimu wa kawaida hawatishi. Aliyechoka nao huliondoa kaburi tu. Paranormal ndiyo ninayoiona nzito zaidi kwa mtoto, kwa sababu meza ya kuita wafu ipo katikati ya kila kitu, na mchezo wa msingi usio na nyongeza yoyote hauna meza hiyo.

Kwa bei kamili, Life & Death huuzwa dola 39.99 za Marekani na Paranormal dola 9.99. Anayeanza asinunue chochote mapema. Apakue mchezo wa bure, aache uzee uwashwe, na familia yake ifikie kizazi cha tatu huku makaburi yakiwa uani. Akiona kwamba huwasubiri mizimu kila usiku, achukue Life & Death wakati wa punguzo, ambalo huja mara nyingi kwa mwaka; Paranormal inaweza kungoja.